Kupinga kituo cha taka mahakamani kabla hakijajengwa: jibu kwa mkazi wa Dodoma

Msomaji mmoja, katibu wa kamati ya wakazi katika mtaa ulio pembezoni mwa Jiji la Dodoma, ameniandikia hivi: "Tumeona vigingi vimesimikwa kwenye eneo la wazi lililo upande wa juu wa mtaa wetu, na mtendaji ametueleza kwamba hapo patajengwa kituo cha kutupa taka chenye tanuru la kuchomea. Hatukumbuki mkutano wowote wa mtaa uliolijadili jambo hilo. Wazee wetu wanasema Serikali haishtakiwi bila ruhusa yake. Vijana wanasema tungoje kituo kianze ili moshi na harufu viwe ushahidi. Je, tunaweza kwenda mahakamani, na kama tunaweza, tuanzie wapi?"

Ndugu Katibu, mnaweza kwenda mahakamani, na mnaweza kwenda sasa, kabla lori la kwanza halijamwaga taka. Jibu lenyewe ni hilo. Maelezo yanayolifuata ni marefu kwa sababu wakazi wanaoshindwa katika mashauri ya aina hii, kwa kadiri ninavyoyafahamu, mara nyingi hawashindwi kwa kukosa haki. Hushindwa kwa kuchelewa, kwa kupita mlango usio wao, au kwa kufika mbele ya jaji wakiwa na hasira nyingi na karatasi chache.

Nianze na hoja ya wazee, kwa maana hawakuizua. Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 ilimtaka kwa miaka mingi mtu anayekusudia kuishtaki Serikali apate kwanza ridhaa ya Serikali hiyo hiyo. Mwaka 1993 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun, ilitamka kwamba sharti hilo linapingana na Katiba, na mwaka uliofuata Bunge likaliondoa na kuweka mahali pake notisi ya siku 90. Kwa hiyo wazee wenu wanaikumbuka sheria iliyokuwapo kweli, ila haipo tena. Leo hamuombi ruhusa ya Serikali, mnatoa taarifa. Tena ilikuwa hapa hapa Dodoma, katika Mahakama Kuu, ambapo mwaka 1994 Jaji Lugakingira aliamua shauri la Mchungaji Christopher Mtikila dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali, akaeleza kwa upana namna Ibara ya 26(2) ya Katiba inavyompa kila mtu haki ya kuchukua hatua za kisheria kuhakikisha hifadhi ya Katiba na sheria za nchi. Ninyi hamhitaji hata kufika mbali kiasi hicho, kwa kuwa mnaishi chini ya eneo lenyewe na hakuna atakayeweza kudai kwa uzito kwamba jambo hili haliwahusu.

Kwa vijana nina neno zito zaidi, kwa sababu ushauri wao, ingawa umetolewa kwa nia njema, unaweza kuwagharimu shauri zima. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, katika kifungu cha 4, inampa kila mtu anayeishi Tanzania haki ya kuwa na mazingira safi, salama na yenye kumhakikishia afya. Kifungu cha 5 kinamruhusu kufungua shauri pale haki hiyo inapotishiwa kutokana na kitendo, au uzembe, unaoelekea kuleta madhara kwa afya ya binadamu au kwa mazingira. Zingatieni kwamba sheria imesema kutishiwa. Haikusema mpaka mtu augue. Kifungu hicho hicho kinaiwezesha mahakama kuzuia au kusimamisha kitendo chenye madhara, kumwagiza ofisa wa umma achukue hatua, kuagiza shughuli inayoendelea ifanyiwe ukaguzi wa mazingira, kumtaka mharibifu ayarejeshe mazingira katika hali yake, na kuamuru fidia kwa aliyeumia. Ukingoja moshi uanze, baadhi ya amri hizo bado utazipata, lakini utakuwa unaomba kubomolewa kwa kitu ambacho fedha za umma zimekwisha kukijenga. Sijui jaji anayelifanya hilo kwa moyo mwepesi.

Historia ya nchi yetu inalithibitisha hilo vizuri kuliko maelezo yangu, na naomba uvumilivu nikae hapo kidogo. Mwaka 1988 wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, walifungua shauri la madai namba 299 dhidi ya Halmashauri ya Jiji, ambalo mawakili hulitaja kama shauri la Kessy na wenzake. Jiji lilikuwa limeligeuza eneo lao kuwa dampo, na moshi, harufu na nzi vilikuwa vimewashinda. Walishinda mwaka huo huo: mahakama iliamuru utupaji usimame na jiji litafute mahali pengine. Lakini kushinda kwao hakukuondoa taka. Jiji liliomba kuongezewa muda, likapewa, likaomba tena, hata ukafika mwaka 1991 malori yangali yanamwaga pale pale. Ndipo Jaji Lugakingira alipokataa kuongeza siku nyingine, akisema kwa maneno makali kwamba hajapata kusikia mamlaka ya umma ikienda mahakamani kuomba ruhusa ya kuchafua mazingira na kuhatarisha maisha ya watu, na kwamba kufanya hivyo kunavunja haki ya kuishi iliyomo katika Ibara ya 14 ya Katiba. Uamuzi huo ni wa fahari katika sheria zetu. Hata hivyo kati ya ushindi na utekelezaji ilipita miaka mitatu, na watoto wa Tabata waliuvuta moshi huo miaka yote mitatu.

Jiji likahamishia taka Kunduchi Mtongani. Wakazi wa huko hawakusubiri. Katika shauri la madai mchanganyiko namba 90 la mwaka 1991, Balegele na wenzake 794 waliiomba Mahakama Kuu, si fidia, bali amri tatu: kuutengua uamuzi wa jiji wa kutupa taka pale, kulikataza jiji kuendelea, na kulilazimisha litafute mahali panapofaa. Jaji Rubama aliwakubalia. Uzito wa hoja yao haukuwa kwenye harufu peke yake. Walionyesha kwamba eneo lile lilitengwa kwa makazi katika mpango kabambe wa jiji, na kwamba jiji, kwa kulifanya dampo, lilikuwa limetenda nje ya mamlaka yake. Kwa maoni yangu, hilo ndilo shauri mnalopaswa kulisoma kwanza, hata kabla ya lile la Tabata ambalo kila mtu hulinukuu. Wakazi wa Tabata waliegemea mateso waliyokwisha kuyapata. Wa Kunduchi waliegemea pia uharamu wa uamuzi wenyewe, na uamuzi haramu huweza kushambuliwa siku ile ile unapofanywa.

Lipo jambo lingine katika historia hiyo ambalo mtu mwaminifu hawezi kulificha. Baada ya Kunduchi taka zilikwenda Vingunguti, kisha Mtoni, kisha Pugu Kinyamwezi, na kote huko wapo watu. Jaji atakayesikiliza shauri lenu analijua hilo, na atajiuliza hata kama hatatamka: Jiji la Dodoma, ambalo limekuwa likipokea watumishi na wafanyabiashara kwa kasi tangu Serikali ilipohamia na kupandishwa hadhi kuwa jiji mwaka 2018, litazipeleka wapi taka zake? Sheria inaitaka halmashauri izisimamie taka ngumu. Huo ni wajibu wake, na kuutimiza si kosa. Msiingie mahakamani mkisema kituo kisijengwe popote. Semeni kwamba mahali hapa, kwa utaratibu huu, bila uchunguzi huu, haifai. Jiji lina dampo lake la Chidaya, lililojengwa kwa ajili ya kazi hiyo. Kwa nini linahitaji eneo jingine, na kwa nini eneo hilo, ni maswali halali ambayo halmashauri inapaswa kuwa na majibu yake kwenye maandishi.

Maandishi hayo ndiyo mnayopaswa kuyatafuta kuanzia wiki hii, na mawili kati yake yana uzito wa pekee. La kwanza ni tathmini ya athari kwa mazingira. Kifungu cha 81 cha Sheria ya mwaka 2004 kinataka mradi ulioorodheshwa kwenye Jedwali la Tatu ufanyiwe tathmini kabla ya kuanza au kugharimiwa, na maeneo ya kutupia taka yamo katika jedwali hilo. Kanuni za mwaka 2005, ambazo zilirekebishwa mwaka 2018, zinaeleza hatua zenyewe: mradi husajiliwa kwa Baraza la Taifa la Hifadhi na Usimamizi wa Mazingira, yaani NEMC, wataalamu waliosajiliwa huandaa hadidu za rejea na taarifa, na watakaoathirika hushirikishwa kwa matangazo yaliyobandikwa mahali pa wazi, gazetini na redioni, na kwa mikutano. Cheti hutolewa mwishoni mwa hatua hizo. Ikiwa hakuna cheti, mna hoja ambayo peke yake inaweza kuusimamisha mradi. Ikiwa kipo, ombeni taarifa yote na mfungue viambatisho vya nyuma kabla hamjasoma kitu kingine, kwa sababu huko ndiko huwekwa orodha ya waliohudhuria mikutano ya ushirikishwaji, pamoja na saini zao. Hamkumbuki mkutano, basi angalieni ni majina ya nani yaliyoandikwa, wanaishi mtaa gani, na walikuja kujadili nini. Inawezekana watu walisaini mahudhurio ya kikao cha jambo jingine kabisa. Jina la mtu asiyeishi mtaani kwenu, au la marehemu, likithibitishwa kwa hati ya kiapo, lina nguvu kuliko hotuba ya saa nzima.

Andiko la pili ni mpango wa matumizi ya ardhi. Dodoma, kuliko mji mwingine wowote nchini, umekuwa mji wa mipango tangu ulipoamuliwa kuwa makao makuu mwaka 1973. Ilikuwapo Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, CDA, hadi ilipovunjwa mwaka 2017 na majukumu yake kukabidhiwa halmashauri. Na sasa upo Mpango Kabambe wa mwaka 2019 hadi 2039. Nendeni idara ya mipango miji mkaulize eneo lenye vigingi limepangiwa matumizi gani katika mpango huo na katika mchoro wa mipango miji wa kata yenu. Kama limepangwa kuwa makazi, shule au eneo la wazi, na hakuna mabadiliko ya matumizi yaliyofuata utaratibu wa Sheria ya Mipango Miji ya mwaka 2007, mnayo hoja ya Kunduchi ikiwa kamili.

Mtaambiwa kwamba nyaraka hizo ni za ofisi. Msikubali jibu la mdomo. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 inampa raia haki ya kuomba taarifa kwa maandishi na inaitaka ofisi ijibu ndani ya siku 30. Andikeni barua kwa Mkurugenzi wa Jiji na nyingine kwa NEMC, ambao wana ofisi ya Kanda ya Kati hapa Dodoma. Peleka nakala mbili, na ile unayobaki nayo igongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe. Mikutano ya baraza la madiwani huwa wazi kwa wananchi, kwa hiyo muombeni diwani wenu awaonyeshe muhtasari wa kikao kilichopitisha mradi. Tarehe ya kikao hicho mtaihitaji sana, kwa sababu nitakayoieleza punde.

Kabla ya hapo nigusie ushahidi wa ardhini, ambao Dodoma una sura yake. Jiji hili kwa miaka mingi limeishi kwa maji ya chini ya ardhi, hasa ya visima vya Makutupora, na mitaa mingi ya pembezoni ina visima vyake vya kuchimba. Taka zinazooza zikinyeshewa hutoa maji meusi yanayopenya ardhini, na dampo lisilotandikwa ngao ya plastiki au udongo wa mfinyanzi chini yake huyaachia maji hayo yafuate mteremko. Ninyi mko upande wa chini. Sasa tatizo la kisheria ni hili: maji ya Dodoma tangu zamani yanajulikana kwa chumvi, na visima vilivyo karibu na vyoo vya shimo huwa na naitreti nyingi. Kituo kikishaanza na kisima kikaharibika, mtaalamu wa upande wa pili atasimama na kusema maji yenu yalikuwa hivyo siku zote, na hamtakuwa na cha kumjibu. Pimeni visima vyenu sasa, katika maabara inayotambuliwa, ya Wizara ya Maji au ya Mkemia Mkuu wa Serikali, mkiomba vipimo vya chumvi, kloraidi, amonia, naitreti na metali nzito. Pimeni mara moja kiangazi na mara moja masika, kwa kuwa viwango hubadilika mvua zinapoanza. Gharama yake ikigawanywa kaya kwa kaya si kubwa, na matokeo hayo hayawezi kupatikana tena baadaye kwa bei yoyote. Barua ya malalamiko ipelekwe pia kwa Bodi ya Maji ya Bonde la Wami/Ruvu kama eneo lenu liko upande wa Makutupora. Aidha, ikiwa korongo linapita katika eneo hilo, lipigeni picha wakati wa mvua likiwa na maji. Sheria ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, bwawa au ziwa. Halmashauri inaweza kubisha kwamba korongo la msimu si mto, lakini picha ya maji yanayotiririka itaifanya hoja hiyo iwe ngumu kuisimamia.

Kuhusu tanuru, ulizeni linaloungua ni nini na kwa joto gani. Tanuru la taka za hospitali linalofanya kazi chini ya nyuzijoto 850 za Selsiasi huacha plastiki na dawa ziungue nusunusu na kutoa dioksini, ambazo ni miongoni mwa sumu zinazodhibitiwa na Mkataba wa Stockholm ambao Tanzania iliuridhia mwaka 2004. Mamlaka ya Hali ya Hewa inazo takwimu za upepo wa Dodoma, ambao sehemu kubwa ya mwaka huvuma kutoka mashariki na kusini-mashariki. Ombeni takwimu hizo na muone kama nyumba zenu, au shule, ziko upande unaopokea moshi. Tathmini ambayo haikugusa mwelekeo wa upepo ni tathmini yenye kasoro.

Sasa nieleze milango ya mahakama na muda wake, kwa kuwa hapa ndipo wengi hupotelea. Mlango wa kwanza ni ombi la mapitio ya mahakama, lile walilolitumia watu wa Kunduchi, ambalo huulizia uhalali wa uamuzi na halihitaji kuthibitisha ugonjwa. Kwa kanuni za mwaka 2014, ombi la ruhusa ya mahakama linapaswa kuwasilishwa Mahakama Kuu ndani ya miezi sita tangu uamuzi ulipofanywa, na ruhusa ikitolewa, maombi yenyewe yafuate ndani ya siku 14. Jaji anayetoa ruhusa anaweza pia kuelekeza kwamba utekelezaji wa uamuzi usimame hadi shauri lisikilizwe, na kwenu hilo ni jambo kubwa kuliko yote. Ndiyo maana tarehe ya kikao cha madiwani ni muhimu: miezi sita inahesabiwa kutoka kwenye uamuzi, haihesabiwi kutoka siku mlipoona vigingi, na haisimami ati kwa sababu bado mnasubiri barua ijibiwe.

Mlango wa pili ni shauri la kawaida la madai chini ya kifungu cha 5 nilichokitaja, au chini ya sheria ya kero na madhara. Huu una masharti mazito zaidi tangu marekebisho ya mwaka 2020. Notisi ya siku 90 hupelekwa kwa mamlaka husika, na nakala kwa Mwanasheria Mkuu na kwa Wakili Mkuu wa Serikali. Muda ukiisha, shauri hufunguliwa Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe, hata kama mnayemlalamikia ni halmashauri peke yake. Asipounganishwa, shauri lote linabatilika. Nimeona mashauri mazuri yakifutwa kwa pingamizi la awali la namna hii, bila neno hata moja kusemwa kuhusu taka. Isitoshe, kifungu cha 11 cha Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali hakiruhusu zuio dhidi ya Serikali katika mashauri ya madai. Mahakama hutoa tamko la haki za wahusika badala yake. Wakazi wa Tabata hawakukutana na ukuta huo, kwa kuwa wakati ule halmashauri ilishtakiwa kama chombo kinachojitegemea. Kwa sababu hiyo mimi ningeanzia kwenye mapitio, kama miezi sita haijapita, na shauri la madai ningeliweka akiba kwa ajili ya madhara yakitokea. Madai ya madhara yana ukomo wa miaka mitatu, lakini kwa kero inayoendelea ukomo huanza upya kila siku ya kero.

Huenda ukauliza: na katapila likija ndani ya zile siku 90? Mahakama Kuu imekwisha kukubali mara kadhaa maombi ya zuio liitwalo la Mareva, ambalo huombwa kabla ya shauri lenyewe, pale sheria inapomlazimisha mtu kungoja huku kitu anachokigombea kikiharibiwa. Halitolewi kirahisi. Muombaji anapaswa kuonyesha hatari ya kweli na ya karibu, na picha zenye tarehe, barua zenye muhuri na vipimo vya maji ndivyo vitakavyoionyesha.

Yapo pia malalamiko ya kiutawala: NEMC wana mamlaka ya kutoa amri za kulinda mazingira, na anayepinga maamuzi fulani chini ya sheria ile anaweza kukata rufaa kwenye Baraza la Rufaa la Mazingira, ambalo muda wake ni mfupi na huhesabiwa kwa siku. Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, yenye makao makuu hapa Dodoma, hupokea malalamiko bila ada. Pelekeni malalamiko haya mapema. Hata yasipozaa matunda, yatawakinga msiulizwe kwa nini mmekimbilia mahakamani kabla ya kujaribu njia nyingine, swali ambalo katika mashauri ya kikatiba huweza kulimaliza shauri.

Kuhusu nani afungue shauri: msiandike tu "wakazi wa mtaa fulani", kwa sababu mtaa hauna nafsi ya kisheria ya kushtaki. Watu wachache, kwa mfano watano, waombe ruhusa ya kuwawakilisha wengine chini ya Amri ya Kwanza, kanuni ya 8, ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai. Ombi hilo huambatishwa muhtasari wa mkutano na majina na saini za wanaowakilishwa. Chagueni watu wenye visima, wenye watoto katika shule iliyo karibu, na angalau mmoja mwenye hati ya kiwanja chake. Mkutano wa kuwachagua uwe na mahudhurio yaliyoandikwa vizuri. Itakuwa aibu kuwashutumu wenzenu kwa orodha ya uongo huku yenu ikiwa na mashaka. Wakili anaweza kupatikana kupitia watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na kwa mambo ya mazingira ipo taasisi ya mawakili iitwayo LEAT, yenye uzoefu wa miaka mingi. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo viapo vyenu viandikwe kwa maneno yenu wenyewe, na kila anayeapa asome alichoapa.

Jambo moja nakuomba ulisimamie wewe binafsi, kwa nafasi yako ya ukatibu. Asitokee mtu wa kung'oa vigingi, kuziba barabara au kurushia mawe malori. Naielewa hasira hiyo, lakini siku hiyo shauri la mazingira litageuka shauri la jinai, wawakilishi wenu watakuwa mahabusu badala ya kuwa mashahidi, na ombi lolote la zuio litajibiwa kwa picha za fujo. Na kama kuna wenye mashamba ndani ya eneo wanaoitwa kusaini fomu za uthamini, wasisaini kitu wasichokielewa. Suala la fidia ya ardhi lina sheria zake na lisichanganywe na hili.

Mwisho kuna uwezekano ambao watu huupuuza. Halmashauri inaweza kuja na kusema iko tayari kuzungumza. Zungumzeni, mkiwa na wakili, na msikubali ahadi za jumla. Kama mtakubaliana kituo kijengwe mahali pengine, patajwe. Kama mtakubaliana kijengwe hapo kwa masharti, masharti yaandikwe moja moja: aina ya ngao itakayotandikwa chini, kina na mahali pa visima vya uchunguzi, nani atapima maji na kila baada ya miezi mingapi, taka za aina gani haziruhusiwi kuingia, kwamba matokeo ya vipimo yatasomwa katika mkutano mkuu wa mtaa, na siku ambayo kituo kitafungwa. Kisha hati ya makubaliano iwasilishwe mahakamani isajiliwe kuwa tuzo, yaani amri ya mahakama. Kabla ya kusaini, wakili wenu ahakikishe imeandikwa waziwazi kwamba muda wa kutekeleza kila sharti hauwezi kuongezwa bila wawakilishi wenu kuitwa na kusikilizwa, ili msije mkapitia miaka mitatu kama ile ya Tabata.